Karata za mama mkwe na seva iliyogoma

Kwa heshima na taadhima, wapenzi wa karata wa Kilwa Masoko na Rasbura mnatangaziwa kuwa seva moja imekataa kuzimwa.

Leo tulitakiwa kusasisha mchezo wetu wa karata wa mtandaoni kabla ya fainali yetu na Rasbura ya saa kumi. Toleo la zamani lina kosa: mpinzani anaona karata zako. Rasbura waliligundua mapema, ndiyo maana wako fainali.

Nikapanga seva zote tunazokodi, yaani mashine zinazoendesha mchezo, zijizime na kujisasisha zenyewe wakati wa swala ya Ijumaa. Wachezaji wako msikitini, nani atacheza?

Natoka msikitini, zote zimebadilika isipokuwa moja. Mfumo hauzimi seva yenye mechi inayoendelea.

Hamisi, mwenzangu wa kazi, akasema, "Izime kwa nguvu."

Nikamwonyesha jina la mchezaji: Mama Zuhura.

Zuhura ni mke wangu.

"Basi izime wewe," nikamwambia.

"Mkwe wako, kidole chako," akajibu, akasogeza kiti mbali na kompyuta.

Nikapiga simu. "Shikamoo mama."

"Marahaba, mkwe. Usinisemeshe, niko pabaya."

Saa kumi ikafika, na fainali haiwezi kuanza kabla seva zote hazijasasishwa. Rasbura wakaanza kuandika kwenye grupu kwamba tunaogopa. Niambieni ukweli, nani kati yenu angezima?

Tukangoja. Mama akamaliza, seva ikasasishwa, fainali ikaanza. Nikampigia tena, nikamuuliza kwa adabu alikuwa anapambana na nani.

Alikuwa anacheza na kompyuta, na imemshinda.