Besi ya Hezron

Hezron, dereva wa nyumba ninayoilinda hapa Riyadh, si mtu wa maneno mengi. Mwaka 2014, alipokuwa Jeddah, hata hayo machache hakuwa na wa kumpa. Alikaa mtaa wa Al-Safa, kwenye kichumba kilichoshikana na lango la bosi. Saa kumi na mbili anaosha gari, saa moja anapeleka watoto shule, kisha anangoja. Kungoja ndiyo kazi yenyewe. Kutwa nzima aliambiwa yalla, yaani twende, na halas, yaani imetosha, basi.

Asubuhi moja alisikia mwanamke juu ya paa la jirani, anaanika nguo huku akiimba wimbo wa kanisani, mdomo ameufumba. Kwao Maragoli, Hezron alishika besi kwenye kwaya, na mtu wa besi akisikia sauti ya kwanza hawezi kujizuia. Akaitikia, naye kaufumba wake.  Huko juu ubeti wa pili ukaanza.

Wakaenda hivyo miezi kumi na minne bila kuonana. Kumsemesha hakuthubutu, maana dereva akiongea na dada wa kazi wa nyumba ya watu, dada ndiye anayekiona cha moto. Lakini ndiye mtu pekee aliyekuwa naye Jeddah nzima. Bosi alishangaa gari linavyong'aa siku hizi.

Kisha bosi akahamishiwa Riyadh, na dereva naye ni mzigo wa kubebwa. Asubuhi ya mwisho Hezron alifumbua mdomo, akatia maneno yake kwenye ule wimbo: "Naitwa Hezron. Leo tunahamia Riyadh. Asante, dada."

 Akaogopa kwamba amemponza. Halafu sauti ikashuka, ikiimba vilevile: "Mimi Selipher. Sasa nani atanishikia besi?"

 Hezron aliosha gurudumu moja mara tatu.

Hapa Riyadh huosha gari akiimba besi peke yake, na pale sauti ya kwanza inapopaswa kuingia, husimama kidogo. Nilikuwa namcheka, hadi aliponisimulia haya, nikaona aibu. Jana nikajitosa mimi, Danson, kwenye sauti ya kwanza, na koo langu hili la jogoo. Likakwama katikati ya ubeti. Hezron hakuinua kichwa wala hakucheka. Alirudi mwanzo wa ubeti, akaningoja.