Kosta ya Elihuruma Ng'ambo ya Korongo

Saa mbili usiku Noah moja ya abiria ilisimama mbele ya nyumba yangu ikapiga honi, nami nikatoka mbio na tochi. Nilikuwa namsubiri binti yangu Irine. Anashona nguo mjini Arusha na kila jioni anarudi hapa Nduruma kwa Kosta ya Elihuruma, basi dogo ambalo lilipaswa kufika saa moja.

"Mama Irine, mwanao yuko ng'ambo ya korongo," dereva wa Noah aliniambia huku anacheka. "Mzee wa Kesho ameegesha Kosta yake. Anasema maji yanakuja."

"Maji gani?"

"Kamuulize yeye. Sisi tumevuka mchanga mkavu, hata tairi halijalowa."

Nilitazama juu. Nyota zilikuwa zimejaa. Huku kwetu lilikuwa halijaanguka tone kwa siku nne. Nikampigia Irine kwa hasira, akapokea, na nyuma yake nikasikia abiria wakigomba.

"Mwambie avuke! Mwenzie si ameshavuka?"

"Hataki, mama. Amezima gari kabisa."

"Basi shuka uvuke kwa miguu. Mimi nakuja kukupokea na tochi."

"Haya," alisema. Kisha simu yake ikaisha chaji.

Nilimgongea jirani yangu Kandida, tukashika njia. Kutoka kwangu hadi korongoni ni mwendo wa dakika ishirini. Tulikuwa tumefika kama nusu yake niliposikia sauti kama ya lori linalomwaga kokoto, ila lori hilo halikumaliza kumwaga. Kandida alinishika mkono. Hakuna aliyeuliza ni nini.

Tulipofika ukingoni, mwanga wa tochi uliangukia maji ya rangi ya kahawia, yanakwenda kwa kasi, na ndani yake migomba mizima pamoja na mizizi yake. Huku chini hakuna aliyepanda migomba ile. Ilikuwa imetoka juu, kwenye mashamba ya mlima Meru, ambako mvua ilinyesha tangu mchana. Kila mtu wa Nduruma analijua jambo hili tangu utoto. Na bado, ukiona nyota juu ya paa lako, unasema hakuna mvua.

Ng'ambo kulikuwa na giza. Sikuona taa ya gari wala mtu.

"Atakuwa ndani ya gari," Kandida alisema.

"Mimi ndiye niliyemwambia ashuke."

"Mtoto wako lini alikusikiliza?"

"Leo alisema haya."

Kama Irine angekuwa amevuka kabla ya maji, tungekutana naye njiani, maana njia ni hiyo hiyo moja. Hatukukutana na mtu. Basi alikuwa ama ndani ya Kosta, ama mahali ambapo sikutaka kupataja.

Tulikaa ukingoni usiku kucha, tumejifunika khanga moja. Nilimfikiria Elihuruma kuliko nilivyowahi kumfikiria mtu ambaye si ndugu yangu.

Ni Mmeru wa huko juu, alizaliwa kwenye kahawa. Kwa miaka kumi na tisa aliendesha mabasi makubwa ya Arusha na Dar es Salaam, kisha akaacha, akanunua Kosta kuukuu na kuja kukaa kwetu. Hakusema kwa nini aliacha. Kosta yake inalala hapa kijijini na kuondoka saa kumi na moja alfajiri. Inabeba wafanyakazi, wanafunzi, nyanya, vifaranga, dawa za wazee. Bibi akipanda na mkongojo, Elihuruma haondoi gari mpaka amemwona kwenye kioo ameketi. Ndiyo sababu tunachelewa, na ndiyo sababu vijana walimpa jina la Mzee wa Kesho: ukipanda kwake leo, utafika kesho.

Mwezi uliopita wanawake tulikutana uani kwangu tukakubaliana kuhamia Noah mwezi huu ukiisha. Sauti iliyopaa kuliko zote ilikuwa yangu. Tena wiki iliyopita nilimwambia mbele ya abiria, "Elihuruma, gari lako hili ni la kubebea maiti."

Alicheka mpaka miwani ikateleza. "Maiti nao wanapenda kufika, Mama Irine."

Sasa nilikuwa namwomba Mungu kwamba mtu yule yule niliyemdharau kwa kutosikia la mtu, usiku huu asisikie la mtu. Nilimjua Irine. Angemwambia kwamba mimi nimemruhusu. Abiria wote wangemuunga mkono. Na mlango wa Kosta hufunguliwa kwa swichi iliyo karibu na dereva. Kidole kimoja tu kingetosha. Halafu nikakumbuka madirisha. Irine ni mwembamba, dirisha linamtosha.

"Acha kutetemeka," Kandida aliniambia.

"Ni baridi."

"Haya, ni baridi."

Alfajiri maji yalipungua, kwanza yakawa ya kiunoni, baadaye ya magotini. Kulipopambazuka niliiona Kosta. Ilikuwa mbali na ukingo, juu kwenye mwinuko, chini ya mti wa mgunga. Vioo vyake vilikuwa vyeupe kwa pumzi za watu, kwa hiyo sikuweza kuona aliyekuwemo. Mlango ulikuwa umefungwa.

Elihuruma alishuka kwa mlango wake wa dereva. Alikuja hadi kwenye maji, akachomeka fimbo ukingoni kupima kina cha maji, akasimama kuitazama.

"Elihuruma!" nilipiga kelele. "Irine yumo?"

Aliweka mkono sikioni. Maji bado yalikuwa na sauti. Nikaita tena, hakusikia. Aliitazama fimbo yake kidogo, akaichomoa, akarudi kwenye gari bila haraka, kama anavyofanya kila kitu. Akapanda.

Mlango wa abiria ukafunguka.

Alitangulia Mika, kondakta, anajinyoosha mgongo. Akafuata mama mwenye boksi la vifaranga. Wakashuka wanaume wawili, wanafunzi, mzee mmoja akishikwa mkono. Kisha hakushuka mtu. Niliutazama ule uwazi wa mlango.

Irine alishuka wa mwisho, viatu mkononi, uso umevimba kwa hasira. Aliponiona alikimbia hadi kwenye maji.

"Mama! Huyu mzee alinifungia! Nilimwambia umeniruhusu, nikamtukana, nikataka kupita dirishani akaja kukaa hapo hapo dirishani. Usiku kucha, mama! Alikataa kufungua mlango!"

Nilikaa chini kwenye tope. Kandida aliichukua tochi mkononi mwangu, akaizima, maana ilikuwa bado inawaka.