Rangi ya Mwenzako Usiijibu

Wa kwanza kunisimulia habari za rangi zinazoita alikuwa mama yake baba, tuliyemwita Kambo. Ilikuwa katika mvua za mwaka tuliohama Kasaji kuja Kolwezi, nilipokuwa mtoto ambaye bado hajapelekwa shule. Alikuwa akimenya mihogo, wala hakuinua macho.

"Kila mutu iko na rangi yake," aliniambia, "na kila rangi iko na sauti yake. Chini ya udongo macho haifanye kazi. Kule rangi inaingia kwa masikio."

Desturi hiyo sijaikuta kwa majirani; ilikuwa ya ukoo wa Kambo peke yao. Mtoto akizaliwa, alifungwa mkononi kitambaa cha rangi yake, na bibi wa nyumba akagonga chuma kwa mapigo ya rangi hiyo mpaka mtoto anyamaze. Baba mdogo Ilunga alikuwa kijani: mapigo mepesi, ya haraka, kama mvua inayoanza juu ya mabati. Baba yangu, Mulumba, mkubwa wake ambaye alimwita yaya, alikuwa nyekundu: mapigo mazito yenye nafasi katikati, kama mtu anayetwanga akiwa amechoka.

Sharti lilikuwa moja, na Kambo alilirudia mara nyingi kuliko sala. Ukiitwa kwa rangi yako, jibu. Rangi ya mwenzako usiijibu hata kidogo, kwa sababu ukiijibu, mwenye rangi hatamaliza siku.

Ilunga alikuwa mchimbaji katika shimo moja upande wa Mutoshi. Kabla ya kushuka alifunga kitambaa chake kwenye kamba ya mdomo wa shimo, karibu na kipande cha reli kilichosimikwa ardhini. Wenzake walimcheka, wakikiita bendera yake.

"Ilunga, leo drapo yako umeifua?"

"Iko safi kupita shati yako ya misa."

Lakini mkubwa wa shimo, waliyemwita pedeje, alikuja kuzoea. Kitambaa kikiwapo, Ilunga yuko kazini. Kisipokuwapo, nafasi yake inapewa mwingine.

Ndiyo maana asubuhi moja, Ilunga alipoamka na homa asiweze kusimama, baba alikichukua kitambaa cha kijani. Kazi yake mwenyewe ilikuwa kuosha mawe mtoni, si kushuka. Mama alinieleza baadaye walivyosemezana na baba mlangoni.

"Na rangi ya kwako je?"

"Iache ipumzike. Pedeje anaangalia kitambaa, haangalie sura."

Mimi na Kambo tulikuwa tumeshaondoka alfajiri kwenda sokoni. Hatukujua lolote.

Mchana habari ilifika sokoni kwamba shimo limeanguka. Kambo aliacha unga wake palepale. Tulipofika, alikiona kitambaa cha kijani kwenye kamba, akainama, akaokota jiwe na kuanza kugonga reli. Mapigo mepesi, ya haraka. Kisha akasubiri. Niliweka kiganja ardhini kama alivyonifundisha. Udongo ulikuwa wa moto kwa jua, na chini yake hakukuwa na kitu.

Chini kulikuwa na njia mbili, moja kulia na moja kushoto. Upande wa kulia nyundo zilikuwa zikisikika. Ilunga hufanya kazi kushoto. Kambo aligonga kijani mpaka jiwe likapasuka mkononi mwake, akaokota lingine.

"Mama," pedeje alimwambia kwa sauti ya chini, "huku hakuna mutu tena. Tuache tufate bale banajibu."

Wachimbaji wakahamia kulia. Walitoa watu wakiwa hai, na sitasema kwamba walikosea.

Ndipo Ilunga alipofika, amejifunika blanketi, mama amemshika kiuno.

"Mama, unaita nani?"

Kambo aligeuka, jiwe bado mkononi. "Nakuita weye."

"Mi niko hapa. Kule chini iko yaya."

Kambo aligeukia tena reli. Alibadilisha mapigo. Alikuwa hajamaliza mwito wa kwanza wa nyekundu, nyundo ilipojibu kutoka chini, upande wa kushoto: nzito, yenye nafasi katikati. Waliokuwa wakicheka drapo waliisikia pia. Wakarudi mbio na majembe.

Baba alijibu kila alipoitwa, kila mara akichelewa zaidi. Kisha akaacha. Walimfikia kabla jua halijazama. Hakuwa na jeraha usoni. Hewa ndiyo iliyokuwa imemwishia, na nyundo ilikuwa bado mkononi.

Mchungaji alisema ni giza la mila lililomuua. Pedeje alisema ni miti ya kuzuia udongo, haikutosha. Huenda wote wawili walisema kweli. Lakini mimi huwaza ule muda kabla Ilunga hajafika. Baba alimsikia mama yake akigonga, na mkono wake aliufahamu tangu kuzaliwa. Pigo moja tu lingewaleta watu wa kuchimba. Kwake yeye pigo hilo lingemuua mdogo wake aliyelala na homa nyumbani. Basi alikaa gizani, akasikiliza rangi ya mdogo wake, akanyamaza. Kama rangi zina sauti sijui hadi leo. Alichoamini baba ninakijua, kwa sababu nilikuwa na kiganja ardhini na hakikusikia kitu.

Kambo hakugonga chuma tena. Mdogo wangu alizaliwa miezi michache baadaye, hakufungwa kitambaa, hana rangi. Kambo alifariki kabla mtoto huyo hajaanza kutembea. Mama yuko hai, anaishi kwangu. Mdogo wangu yuko hai. Pedeje alihama, habari zake sina. Baba mdogo Ilunga yuko Tenke, anatengeneza baiskeli, ameshazeeka. Homa ile ilimtoka kabla ya mazishi. Yuko hai.