Ng'ombe Kumi na Mbili Nilizotunga

Nachechemea mguu wa kushoto, na kazi yangu ni kutembeza watu. Cheka tu, hata mama yangu alicheka. Zamani nilikuwa wa boda boda, mpaka lori la miwa likanilaza kwa mtaro pale Awendo. Shule niliachia kidato cha pili, kwa hivyo kazi ya ofisi hakuna mtu angenipa. Kilichobaki ni mdomo. Huo haukuvunjika, na kwa yale ulikuja kufanya, afadhali ungevunjika wenyewe, mguu upone.

Jumapili mchana, wageni wakipatikana, nawapitisha mji wa Migori. Tunaanza pale darajani, tunapanda, tunaingia soko. Nawaonyesha akina mama wa Kisii na ndizi zao, Wakuria wameshuka na mahindi, Wasomali wa vitambaa, msikiti, kanisa, kanisa ingine, halafu kanisa lililotoka kwa hilo kanisa baada ya watu kukosana. Nawaambia ukitaka vita hapa, uliza nani alifika kwanza. Nawaambia sisi ni kama nyoyo, mahindi na maharagwe kwa sufuria moja, na hakuna mtu anajua nani alianza kuiva. Wageni hupenda hiyo sana. Wengine huandika.

Tulikuwa tunamalizia kwa ile laini ya maduka ya zamani, yale Wahindi walijenga, yako na veranda mbele na nguzo za mbao. Wahindi wenyewe walishaenda kitambo. Kwa veranda moja alikuwa amebaki mzee mmoja na cherehani ya kukanyaga, fundi wa nguo. Baba yake alikuwa Mhindi mwenye duka hiyo hiyo. Mama yake alikuwa Mluo wa Magunga, huko upande wa Homa Bay. Baba alipohama hakubeba mtoto wala mama ya mtoto. Mama akarudi kwao Magunga, akafia huko. Mtoto akabaki na veranda.

Siku zingine zote nilikuwa nashinda kwake, kwa sababu yeye alikuwa na benchi na mimi nilikuwa na mguu. Alikuwa ananiita jakom, yaani mwenyekiti, kwa vile nilikuwa nakalia kiti kutoka asubuhi na hakuna mkutano. Nikimwambia suruali yangu imepasuka alikuwa anasema, "Jakom, ungekuwa unasimama kidogo ingedumu."

Mwaka huo kifua chake kilikuwa kimeanza kumshinda. Akikanyaga cherehani dakika tano, anapumzika kumi. Akaniambia daktari amempa habari yake yote, na hakuna dawa anatafuta tena. Kitu kimoja tu ndicho alikuwa anataka: azikwe Magunga, karibu na mama yake.

Kwetu Waluo hiyo si kitu unaomba tu na kupewa. Mtu huzikwa kwao, na kwao ni kwa baba. Mtoto wa dada, yule tunaita okewo, hazikwi kwa wajomba. Lakini kama dada hakuolewa, kama hakuna ng'ombe za mahari zilitoka kwa ajili yake, basi mtoto si wa mtu mwingine, ni wa ile boma alikotoka mama. Na mama ya huyu mzee alizikwa nje ya ua, pale msichana ambaye hajaolewa huwekwa. Kwa mama ilikuwa aibu. Kwa mtoto ndio ilikuwa mlango.

Mjomba alikuwa amebaki mmoja, kitinda mimba, umri wake karibu sawa na wa mzee mwenyewe. Dada yake akienda mjini, yeye alikuwa bado ananyonya, kwa hivyo hakuona chochote. Walikuwa wamezungumza polepole karibu mwaka mzima. Mwishowe mjomba akakubali, akamwonyesha mahali. Ilibaki kusimamisha kanyumba kadogo, kwa sababu mwanaume hazikwi mahali hana nyumba. Mabati yalikuwa tayari, yameegemezwa nyuma ya cherehani.

Nilijua hayo yote. Naandika hivi ili usifikirie sikujua.

Sasa Jumapili moja nikaletewa wanafunzi wa chuo, kama kumi hivi, wamechoka na jua, wanaangalia simu. Kufika kwa veranda nikawaambia huyu ndiye Migori yenyewe, baba Mhindi, mama Mluo, na nguo anashona za Wakuria. Kijana mmoja akauliza, "Na huyo Mhindi alitoa mahari, ama alijichukulia tu bure kama sampuli?"

Wenzake wakacheka. Mzee akainamia cherehani. Alikuwa mweupe, kwa hivyo aibu yake ilikuwa inaonekana kwa masikio. Niliona yanageuka mekundu, na sikuweza kuvumilia.

"Bure?" nikasema. "Omera, ndugu yangu, wewe umetoka wapi? Ng'ombe kumi na mbili!"

Ikishatoka ya kwanza, zingine zinajileta. Nikawaambia Mhindi alinunua ng'ombe kumi na mbili soko ya Kuria, akakataa kuajiri mtu, akasema yeye ni mwanaume, atazipeleka Magunga mwenyewe. Amevaa shati nyeupe na viatu vya kung'aa. Nikawaonyesha venye alikuwa anakimbia nyuma yao, na mimi kukimbia ni maonyesho tosha, huu mguu wangu unapiga hatua mbili mtu mwingine akipiga moja. Nikamwangusha Mhindi kwa matope. Nikampatia ng'ombe mmoja mwekundu, pembe ya kulia imevunjika, anakataa kuvuka mto mpaka Mhindi amwimbie kwa Kihindi. Nikaimba. Kihindi changu ni kile cha mtu amekanyagwa kidole.

Walicheka mpaka wakashika nguzo. Msichana mmoja alikuwa anachukua video tangu mwanzo. Na mzee, huyo ndiye nilikuwa naangalia, mzee alitoa miwani akapangusa macho na kipande cha kitambaa. Walipoenda akavaa miwani tena. Halafu akasema, "Rudia hapo kwa ng'ombe mwekundu."

Nikarudia. Kesho yake akaniomba tena. Nikaanza kuisema kila Jumapili, na kila Jumapili nilikuwa naongeza kitu. Mimi na yeye hatukuwahi kuulizana kama ni kweli. Nilikuwa naona tu anakaa wima kwa kiti.

Ile video ikatembea kuliko mimi. Nikipita stendi vijana wa boda wananiita, "Ng'ombe kumi na mbili!" Nilifurahi, wacha nisidanganye. Tangu nizaliwe sikuwa nimejulikana kwa kitu ingine isipokuwa kuanguka.

Iliichukua video kama wiki tatu kufika Magunga. Siku mjomba alipiga simu nilikuwa pale kwa benchi. Mzee masikio yake yalikuwa mazito, kwa hivyo aliweka simu kwa spika, na mimi nikasikia kila neno. Kabla ya hapo mjomba alikuwa akimwita wuodwa, kijana wetu. Siku hiyo alianza na lile neno la mtoto wa dada: "Okewa."

Mzee akaacha kukanyaga cherehani.

"Okewa, nimeona kwa simu ya mjukuu. Mbona ulinificha? Dada yangu alitolewa ng'ombe."

"Nera, mjomba wangu, hiyo ni ya kufurahisha wageni tu," mzee akasema.

"Wewe si ulikuwa umeketi hapo? Nilikuona. Ulikuwa unacheka na machozi. Kama ni uongo mbona hukumnyamazisha?"

Mzee akaniangalia, halafu akaangalia simu.

"Mtoto wa mtu ambaye tumekula ng'ombe zake, mimi nitamzika hapa namna gani?" mjomba akasema, na hakuwa amekasirika, sauti yake ilikuwa ya mtu anaomba. "Nina wajukuu hapa, okewa. Laana ya chira haiulizi nani alianza."

Kesho yake asubuhi nikaenda Magunga kusema ukweli. Nilipitia Sori na boda ya mtu mwingine, nimeshika kiti kwa nyuma kama mama mja mzito, kwa sababu tangu ile siku ya lori mimi huogopa pikipiki. Njia nzima nilikuwa najifunza maneno ya kusema. Nilikuwa sijawahi kujifunza maneno kabla ya kuyasema.

Mjomba alinipokea vizuri, hapo ndio iliniuma. Aliniketisha kwa nyumba yake, viti vyote vimevalishwa vitambaa vyeupe, akaambia watu walete samaki. Akacheka akiniona nikichechemea mlangoni. "Kumbe huo mguu si maigizo!"

"Mzee," nikasema, "zile ng'ombe nilitunga. Hakuna hata mmoja. Kuna kijana alimtusi dada yako, nikakasirika, ndio nikatunga."

Akaniangalia sana. "Ulitunga ng'ombe kumi na mbili?"

"Zote."

"Na ule wa pembe imevunjika?"

"Hata huyo."

Akatikisa kichwa. "Nyathina, mtoto wangu, mtu anaweza kutunga ng'ombe. Pembe iliyovunjika mtu hatungi, hiyo ni mtu aliona akaambia mwingine. Wewe ulisikia kwa wazee wa mji, ukasahau ulisikia wapi."

"Mzee, mimi ndiye najua. Mimi ni mwongo, uliza mtu yeyote Migori."

"Sasa unadanganya lini? Siku ile ama leo?"

Nikaanza kuhesabu vile vitambaa vya viti.

Akanisogezea sahani ya samaki. Halafu akasema polepole, "Mama yetu alikufa akiona aibu ya huyo msichana. Ndugu zangu walikufa wakiona hiyo aibu. Jumamosi iliyopita nilisimama kanisani nikasema dada yangu alikuwa mke wa mtu, na watu wakasema amina. Sasa wewe unataka nirudi Sabato ijayo niseme hapana, hakuolewa, alichukuliwa tu?"

Nilikula samaki yake. Singeweza kukataa. Nilipotoka akanionyesha kaburi la dada, kule nje ya ua. Walikuwa wamelima majani yote pale juu na kupanga mawe meupe kuzunguka. Mawe yalikuwa mapya.

Nilirudi Migori mzee bado yuko kwa cherehani, anashona zipu ya mtu. Nilimweleza yote, nikajitusi kwa Kiswahili na Kiluo, nikaanza kutafuta matusi ya Kikuria. Akaniinulia mkono nikanyamaza.

"Alisimama kanisani akasema mama aliolewa?"

"Alisema."

"Mbele ya watu?"

"Mbele ya watu, wakasema amina."

Akapitisha uzi kwa sindano, mara ya kwanza akakosa, mara ya pili akakosa, ya tatu ukaingia. "Usiende tena kumsumbua," akasema. "Hata mimi nilikaa hapa nikasikiliza. Nilitaka kusikia." Baadaye kidogo akaongeza, kama mtu anaongea na cherehani, "Lakini nilitaka na ile ingine pia."

Wiki iliyofuata alimpatia mama wa Kisomali wa duka ya jirani yale mabati, afunike nyuma palipokuwa panavuja. Mwezi haukuisha akafa hospitalini, mchana, mimi nimetoka kidogo kumtafutia uji.

Kanisa lake lilimzika Jumapili kwa makaburi ya umma. Kutoka Magunga walituma salamu na pole nyingi. Walikuja watu wengi kuliko nilivyofikiria, wa soko, wa vitambaa, wateja wa zipu, Wakuria wawili wamevaa suti alizowashonea. Pasta akamaliza maombi, akasema, "Sasa familia watangulie na udongo."

Hakuna mtu alisonga. Kila mtu aliangalia mwenzake, akitafuta familia. Pasta akarudia. Mama wa Kisomali akainamisha kichwa. Yule wa ndizi akahamisha mtoto kutoka mkono huu kwenda ule. Wote walikuwa wanamjua miaka mingi, na hakuna aliyetaka kuchukua nafasi ya mtu wa damu, wenyewe wasije wakatokea.

Nikasonga mimi. Kwa ule udongo laini nilikuwa nachechemea zaidi, na nikasikia mtu nyuma akizuia kicheko, si kwa ubaya, ni mazoea tu ya kuniona.

"Wewe ni nani yake?" pasta akaniuliza kwa sauti ya chini.

"Mimi ndiye nilimzuia asifike kwao," nikasema.

Nilisema wazi, watu wa mbele wakasikia. Pasta akanishika bega. "Pole, ndugu yangu," akasema, "huzuni inasemesha mtu mengi." Akaniwekea koleo mkononi.

Udongo wa hapo ni ule mweusi wa kushika. Ilibidi nigonge koleo mara mbili ndio uanguke.