Siku Nilipomwambia Mama Pale Kantini

Nilikuwa fundi cherehani katika kiwanda kimoja hapa Toronto kilichohudumia mikono ya chuma iliyobebwa na vyombo vya angani vya Wamarekani. Mkono ule ulivishwa nguo nyeupe ya tabaka nyingi, usiunguzwe na jua wala kugandishwa na baridi ya huko juu. Nguo hiyo tuliishona sisi.

Mama, aliyenifundisha kushona nikiwa binti mdogo Morogoro, hakuamini. Kiangazi kile alikuja kututembelea kwenye fleti yetu ya Crescent Town, na kila aliyempigia simu alimwambia, "Eti mwanangu anashonea mashine nguo!" Halafu anacheka.

Chombo cha mwisho kabisa kilipangiwa kuruka Ijumaa asubuhi. Msimamizi alituruhusu kuleta ndugu zetu kantini tutazame pamoja kwenye televisheni. Nikaenda na Mama, kajifunga kanga juu ya sweta kwa kuogopa kiyoyozi. Ambacho sikuwa nimemwambia ni kwamba baada ya safari ile kitengo chetu kingefungwa. Barua nilikuwa nayo tangu theluji haijayeyuka.

Kwanza nilimwonyesha kipande cha ile nguo. Akakigeuza upande wa ndani, akapitisha ukucha kwenye mshono.

"Nani kashona?"

"Mimi, Mama."

"Kona hii uliiharakisha." Lakini hakukirudisha upesi.

Zilipobaki sekunde thelathini na moja, hesabu ikasimama. Huko Florida walikuwa wakihakikisha kuwa mtambo mmoja umeshasogea pembeni. Mama akanikamata kiwiko. Hesabu ikaendelea, moto ukawaka, chombo kikapanda, kikamezwa na mawingu. Watu walioanza kazi kiwandani kwetu wakiwa vijana walilia bila kujificha.

"Mkono wenu mbona sijauona?" Mama aliuliza.

"Umo ndani. Wataufungua wakishafika juu."

"Sasa wanalilia nini, na kimepaa salama?"

Hapo nikamwambia yote. Mama akaachia kiwiko changu.

"Miezi yote hiyo umelibeba peke yako?"

Nikaitikia kwa kichwa.

"Haya, mwendee bosi wako akuandikie barua ya kuombea kazi kwingine. Asiseme tu wewe ni fundi. Aseme umeshona nini."

Niliona aibu, ila nilikwenda. Msimamizi alifuta macho, akakaa kwenye kompyuta, akaandika ukurasa mzima.

Chombo kilirudi salama, Mama akarudi Morogoro, nami nikatafuta kazi hadi majani yakaisha mitini. Mara nyingi niliambiwa nisubiri simu, na simu haikuja. Kisha karakana moja ya mtaa wa Don Mills, inayotengeneza mito ya viti vya magurudumu, iliniita. Mwanamke mwenye karakana alisoma ile barua mara mbili, akanikalisha kwenye cherehani, akanitazama nikishona. Nilianza Jumatatu iliyofuata.

Mteja wangu wa kwanza alikuwa mzee mwenye asili ya Goa, India, aliyezaliwa Nairobi. Aliposikia lafudhi yangu akaacha Kiingereza palepale.

"Dada, wewe ni wa kwetu?"

"Mimi wa Morogoro, mzee."

Akajiinua kidogo kitini, akaketi tena juu ya mto mpya, akajaribu kulia na kushoto.

"Hapa sasa," alisema, "naweza kukaa misa nzima." Akaniuliza kama ningeweza kumshonea mke wake pia.