Mpira Kwenye Sinia la Bibi Prabhavati

Nimeona watu wakipiga pasi kanzu, vilemba na mapazia, na huko Bombay nilimwona mtumishi akipiga pasi soksi za bwana wake. Lakini ilinibidi nifike Malindi, mwaka 1912, ndipo nimwone mtu anayepiga pasi gazeti.

Jina lake Tribhovan Kalyanji, muuza vyombo, mtu wa miaka arobaini na ushei, miwani yake imefungwa uzi upande mmoja. Duka lake lilikuwa karibu na soko, nami nilipanga chumba cha uani kwake nikingoja meli ya pwani. Asubuhi ya kwanza nilimkuta amechutama juu ya mkeka, pasi ya makaa mkononi, akinyoosha makaratasi yaliyokunjamana. Ukurasa ukishalainika aliuinua usawa wa macho, akasoma, akaguna, akauweka kwenye fungu lake.

"Kuna habari gani Ulaya?" nikamuuliza.

"Ulaya nina haja nayo gani?" akajibu. "Natafuta Jumamosi ya tarehe kumi na nne Oktoba mwaka jana. Imenipotea."

Vikombe na sahani zake zilitoka mji mmoja wa viwanda Uingereza, zimezungushiwa nyasi kavu na magazeti ya mji huohuo. Tribhovan alijifunza Kiingereza shuleni Porbandar, na siku moja, miaka mitano nyuma, alipokuwa akifungua birika la chai, alikuta ndani yake orodha ya ligi ya daraja la kwanza: klabu ishirini zimepangwa kama ngazi. Klabu ya mji ule wa vyombo ilikuwa karibu na chini kabisa. Akaionea huruma.

"Nimeuza vikombe vyao miaka kumi na mitano," aliniambia. "Leo wana shida, niwageuzie kisogo?"

Tangu hapo klabu ile ikawa haina jina jingine katika nyumba ile ila Wetu.

Ligi yenyewe huanza Septemba na kwisha Aprili, lakini kwa Tribhovan ilikuja jinsi makasha yalivyokuja. Krismasi ilimfikia Machi, ndani ya birika. Septemba ikaja Julai, imefunika mabakuli. Aliomboleza mabao matano ya siku ya Krismasi, akamlaani kipa wa Wetu kwa uzembe. Miezi mitatu baadaye likaja gazeti la Novemba, akasoma kwamba kipa yule alikuwa amevunjika kidole. Alimwomba radhi kwa sauti, dukani, mbele ya wateja.

Aliyefungua makasha yale alikuwa Baya wa Tsuma, Mgiriama wa Jilore, mtu mzima wa rika lake, ambaye nyumbani kwao hufuga ng'ombe na kuanika ngozi. Baya hakujua kusoma, ila ngazi ile ya majina ishirini aliielewa vizuri. Aliihesabu kwa kidole kutoka chini.

"Bwana Tribhovan, Wetu ni wa ngapi leo?"

"Wa kumi na nane."

"Na chini yao?"

"Wawili. Hao wawili wa mwisho hushushwa daraja."

"Basi wana majirani. Hawatazikwa peke yao."

"Na wewe timu yako ni ipi, mwenye mdomo?"

"Aliye juu."

"Yupi aliye juu?"

"Yeyote. Mimi sibagui."

Kufikia Novemba hiyo ya mwaka 1912 Tribhovan alikuwa amekusanya msimu mzima isipokuwa siku mbili: ile Jumamosi ya Oktoba, na Jumamosi ya mwisho, tarehe ishirini na saba Aprili. Ya Oktoba alikuwa ameanza kuikatia tamaa. Ya mwisho ndiyo iliyomnyima usingizi, kwa sababu Wetu walikuwa wa kumi na nane hadi siku hiyo. Wakishinda wamepona. Wakishindwa, huenda wamezama. Na kasha la mwisho la mwaka lilikuwa limeshawasili, limepigiliwa misumari, liko uani. Hakulifungua. Alikuwa ameweka nadhiri.

Nadhiri yenyewe ilihusu mpira. Aliuagiza Mombasa, mpira wa ngozi, wa rangi ya kahawia, wenye kamba mdomoni kama kiatu. Hakuna aliyeupiga teke. Ulikaa rafu ya juu baina ya mabakuli ya supu, na kila juma Baya aliushusha akaupaka mafuta, maana hewa ya bahari hupasua ngozi. Wakala aliandika kwamba ni ngozi ya mbuzi, na barua hiyo Tribhovan aliisoma kwa sauti mara mbili mbele ya mama yake, kwa sababu katika nyumba yao kitu cha ngozi ya ng'ombe hakivuki kizingiti. Yeye mwenyewe alivaa viatu vya turubai.

Mama yake, Bibi Prabhavati, alikuwa mjane wa miaka sabini na kitu, mdogo wa umbo, daima ndani ya sari nyeupe. Wote nyumbani walimwita Ba, yaani mama kwa Kigujarati. Kwao, chapati ya kwanza ya asubuhi ni haki ya ng'ombe, ndipo watu wale. Mtaani pale hapakuwa na ng'ombe. Kwa hiyo, miaka yote hiyo, Ba alimpa chapati ile punda wa mchota maji, huku akimwomba radhi ng'ombe aliye mbali.

"Siku ya Diwali nitauweka mpira kwenye sinia lako, mbele ya Lakshmi," Tribhovan alimwambia. "Nikishaomba ndipo nitafungua kasha."

"Ngozi? Mbele ya Lakshmi?"

"Ba, ngoma tunayoimbia nyimbo za ibada imewambwa ngozi gani?"

"Ya mbuzi."

"Na huu?"

"Basi uoge kwanza," Ba akasema.

"Nimeshaoga."

"Si wewe. Mpira."

Baya, aliyekuwa akipanga sahani, akashindwa kujizuia. "Mama mkubwa, samahani. Mchezo ule ulichezwa mwezi wa nne, sasa ni mwezi wa kumi na moja. Bwana Tribhovan anamwomba Mulungu abadilishe jana?"

"Mungu hangoji meli ya barua kama nyinyi," Ba akajibu. "Maombi ya mwanangu aliyasikia tangu Aprili."

Diwali, sikukuu ya taa na ya Lakshmi, mungu wa kike wa mali, iliangukia Ijumaa. Alasiri tuliketi sebuleni: Tribhovan, mkewe Jasumati, Ba na mimi mgeni. Kwenye sinia la shaba palikuwa na mizani ya duka, fimbo ya kupimia, nazi, na katikati mpira, umeoshwa ukang'aa. Ba aliutia unga mwekundu kwa kidole chake, akaunyunyizia mchele na maua ya manjano. Kisha, kwa mapenzi ya mwanawe na shida za Wetu, akainama akaugusa kwa paji la uso.

Ndipo Baya akaingia na kikapu cha maembe, zawadi ya sikukuu.

"Shikamoo, mama mkubwa."

"Marahaba, Baya. Karibu."

Akasimama, akalitazama sinia. Uso wake ukajaa heshima ambayo sijawahi kuiona kwake.

"Sasa nimewaelewa," akasema taratibu. "Mwezi mzima najiuliza, kwa nini watu wanaomheshimu ng'ombe waweke ngozi yake rafuni kama chombo? Kumbe mlikuwa mnamwekea siku yake. Vizuri sana. Hata kwetu ng'ombe hapewi heshima hii."

Nikasikia mafuta ya taa ndogo yakitatarika.

"Ngozi ya mbuzi, Baya," Tribhovan akasema.

"Mbuzi?" Baya akacheka. "Bwana Tribhovan, mimi nimezaliwa juu ya ngozi. Huyu ni ng'ombe dume, tena ngozi ya mgongoni. Tazama unene huu. Mbuzi gani ana mgongo namna hii?"

Jasumati akauliza polepole, "Na mafuta uliyokuwa ukiupaka, Baya, mafuta gani?"

Baya akatazama mlango. "Ya nazi, mama."

Mafuta ya nazi hayanuki vile; yale yalinuka shahamu ya ng'ombe, na sote tulijua.

Ba alikuwa bado ameinua kidole chake chenye unga mwekundu. Akakitazama kama kidole cha mtu mwingine. Halafu akagusa paji la uso wake. Nimeshuhudia tetemeko la ardhi Messina na moto wa soko Smirna. Watu walipiga kelele. Bibi huyu hakupiga kelele. Aliinuka, akaenda kisimani, akajimwagia maji na nguo zake, ndoo baada ya ndoo, hadi Jasumati akamshika mikono.

Aliporudi alimwambia mwanawe kwa Kigujarati, bila hasira, na hilo ndilo lililomvunja: "Jumatatu meli inapita. Nitakwenda Porbandar. Nikifa, nife mahali ambapo ng'ombe anapita mlangoni. Hapa sitakula tena."

Akaanza kukunja sari zake sandukuni.

Tribhovan alikaa chini palepale, mgongo ukutani. Mama yake alikuwa hajasafiri baharini tangu aje na marehemu mumewe miaka thelathini iliyopita. Kwa umri ule, na bila chakula, asingefika. Alilijua hilo, sote tulilijua.

"Kasha sitaligusa," akasema. "Mpaka Ba ale, sitaki kujua Wetu wamekuwaje. Nimeapa."

Baya alinifuata uani, uso umemsawijika. "Mimi nilikuwa nasifu," akasema. "Wallahi nilikuwa nasifu." Akafikiri. "Kwetu mtu akikosa, huchinja. Nikilete kibuzi, nikichinje hapa mlangoni, kosa lioshwe?"

Jasumati alimsikia kutoka jikoni. "Baya! Usithubutu hata kukitamka!"

Jumamosi alfajiri Baya hakuonekana. Ba hakula. Jumapili hakula, akanywa maji tu, na sanduku lake likafungwa kamba. Tribhovan alimpelekea ndizi, akairudisha. Akampelekea maziwa, akayarudisha. Alikwenda hata kwa Wahindu wenzake wawili watatu wa mjini kutafuta mjuzi wa utakaso, wakamwambia aliye karibu yuko Mombasa. Nilimwona akirudi barabarani mchana wa jua kali, kichwa wazi, hana kofia wala mwavuli.

Jumapili jua likielekea magharibi tukasikia mlio mtaani. Si wa punda.

Baya alikuwa amesimama mlangoni na ng'ombe jike, mkongwe, mwenye pembe moja iliyovunjika, mavumbi yamewajaa wote wawili hadi kwenye kope. Walikuwa wametembea kutoka Jilore.

"Mama mkubwa," akaita bila kuingia. "Yule aliyekufa siwezi kumfufua. Huyu alikuwa achinjwe matanga ya ami yangu juma lijalo. Nimewaambia ndugu zangu wale mbuzi. Wamenitukana njia nzima mpaka mtoni. Huyu hatachinjwa. Ni wako."

Ba alitoka akishikilia ukuta. Akamtazama ng'ombe, ng'ombe akamtazama. Alikuwa mbaya, maskini. Mbavu zake ungeweza kuzihesabu.

"Anaitwa nani?" Ba akauliza.

"Kwetu ng'ombe mzee haitwi jina, mama. Huitwa kwa fimbo."

"Fimbo itupe," akasema.

Tribhovan akauliza atamlipa nini. Baya akatikisa kichwa. "Nipe ule mpira. Jilore hatuna haya nao."

Jumatatu asubuhi meli ilipiga honi. Ba alikuwa jikoni, amechuchumaa mbele ya chuma cha chapati, mikono ina unga. Chapati ya kwanza aliitoa nje mwenyewe, akaishika mpaka ng'ombe akaimaliza, hata unga uliobaki kwenye vidole vyake. Kisha akarudi, akaketi, akala ya pili. Tribhovan alimhesabia matonge akiwa nyuma ya mlango, machozi yanamtoka. Meli ikaondoka bila Ba, na bila mimi pia, maana nilisahau kabisa kwamba nilikuwa msafiri.

Ba alipomaliza tonge la mwisho, Tribhovan aliruka uani kama aliyeungua. "Baya! Nyundo!"

Misumari ikang'oka. Nyasi zikatupwa huku, vikombe vikawekwa kule. Karatasi ya kwanza: Machi. Ya pili: matangazo ya kofia. Ya tatu aliifunua pembe moja, akaona tarehe, akatoa sauti nisiyoweza kuiandika. Ilikuwa ya jioni ya Jumamosi, ishirini na saba Aprili.

"Soma basi!" Baya akapiga kelele.

"Imekunjamana," akasema. "Siwezi kuisoma hivi. Miezi saba nimengoja. Nitaisoma ikiwa imenyooka." Akailaza kwa adabu juu ya nyasi, akakimbilia pasi.

Tulikuwa tunamtazama yeye, mimi na Baya. Hakuna aliyemtazama ng'ombe.

Tribhovan alirudi na pasi inafuka moshi, akasimama kama aliyepigwa msumari miguuni. Ng'ombe alikuwa amekwisha kula nyasi, sasa anatafuna Aprili. Ukurasa ulikuwa unaingia mdomoni taratibu, safu baada ya safu. Akainua mkono kumpiga. Ba alikuwa mlangoni. Mkono ukabaki hewani, ukashuka.

"Mwache ale," Ba akasema.

Alichoweza kufanya ni kushika pembe iliyobaki ya karatasi na kuvuta kwa upole, kama mtu anayemwomba. Ikakatika. Kwenye kipande kile palikuwa na jina la Wetu, na mbele yake idadi ya mabao yao: mawili. Idadi ya wapinzani ilikuwa tumboni mwa ng'ombe.

Baya alikitazama kipande kile, mpira chini ya kwapa.

"Usihuzunike, bwana," akasema. "Subiri kesho asubuhi. Itatoka."

Nilidhani Tribhovan atamrukia. Badala yake, Ba ndiye aliyecheka, akajifunika mdomo kwa pindo la sari. Jasumati akafuata, na mwisho Tribhovan mwenyewe akaketi juu ya kasha tupu akacheka kwa sauti ya mtu anayelia.

Lakini Ba hakulichukulia kama mzaha. Kesho yake alikikusanya kinyesi kile kwa mikono yake, akakichanganya na udongo na maji, na kwa desturi ya kwao akasiriba kizingiti chote cha nyumba na cha duka, ili unajisi uondoke. Alifanya kazi asubuhi nzima akiimba. Jua la saa sita likakausha.

Nilipotoka na begi langu kungoja meli iliyofuata, Tribhovan alinishika mkono, akanionyesha pa kupita.

"Vuka, usikanyage," akasema. "Hapo ndipo ilipo Jumamosi ya mwisho."