Kurasa Tisa za Mfalme wa Ndakala

Tarehe 14 Machi 1974, biro ya serikali ya kukagua vitabu ilimrudishia mwandishi wa hadithi za watoto daftari lake la kurasa arobaini, tisa kati yake zimekatwa kwa kalamu nyekundu. Mama huyu huandika kwa penseli, na kila Jumamosi huwasomea watoto wa mtaa wake hapa Kalemie alichoandika wiki nzima. Mtoto akipiga miayo, anaifuta sentensi hiyo papo hapo kwa kidole kilicholowa mate. Hajawahi kuhitaji mkaguzi mwingine. Lakini katika kurasa zile tisa ndakala, samaki wadogo wa ziwani, wanamfukuza mfalme wao mlafi.

“Nani alikufundisha hii?” karani wa biro alimuuliza mama.

“Ni samaki tu, Papa,” alijibu, akimwita baba kwa heshima.

“Sema citoyen, mwananchi! Hapa hakuna Papa. Na kila mwenye kuzaliwa Zaire ni wa chama.”

“Basi ndakala nao wako na kadi ya chama?”

 Karani alikiri kwamba hakuisoma hadithi mpaka mwisho. Kalamu yake ilikuwa imetangulia. Kurasa zile tisa zisipoondolewa, alisema, kitabu hakitapigwa chapa.

Mama alilikunja daftari, akalifunga ndani ya kitenge. Jumamosi atawasomea watoto kurasa zote arobaini.